Juma Ikangaa, Mkimbiaji wa Mbele Kutoka Dodoma

Juma Ikangaa alizaliwa Dodoma Julai 19, 1957, akawa ofisa wa Jeshi la Wananchi wa Tanzania, na kati ya mwaka 1982 na 1992 akaifanya marathoni kuwa kazi yake. Alishinda Tokyo mara mbili, Fukuoka mara moja, Beijing mara moja, na Novemba 5, 1989 akashinda New York kwa saa 2:08:01, muda ambao hadi siku hiyo hakuna aliyekuwa ameufikia katika barabara za jiji lile. Alichukua ubingwa wa Afrika na medali ya fedha ya Jumuiya ya Madola. Hata hivyo, jina lake likitajwa vijiweni au redioni, linalofuata mara moja ni Boston, alikoshika nafasi ya pili miaka mitatu mfululizo. Ni kweli tupu, ila inavyosimuliwa humgeuza fundi kuwa mtu wa nuksi.

Dodoma yenyewe si mahali pa kutarajia mkimbiaji wa namna hiyo. Kitovu cha riadha ya Tanzania kiko kaskazini: Mbulu alikotoka John Stephen Akhwari, Karatu alikotoka Filbert Bayi, Hanang alikotoka Gidamis Shahanga. Uwanda wa kati ni mkavu, na pale Dodoma mjini uko mita 1,100 hivi kutoka usawa wa bahari. Ukielekea Singida unapanda hadi karibu mita 1,500. Iten, kambi maarufu ya Wakenya, inapita mita 2,400. Kwa hiyo maelezo yanayopendwa sana, kwamba hewa nyepesi ya milimani ndiyo inayozaa mabingwa, hayamtoshi mtu wa Dodoma. Wala ugali wa uwele na mlenda havitoshi kuwa sababu. Vingekuwa ndivyo, kila kijiji kutoka Bahi hadi Kongwa kingekuwa na medali yake ukutani.

Jambo lililo wazi zaidi ni ajira. Swali la nani anamlipa mchezaji kwa siku anazoacha kazi ili acheze ni la zamani. Agosti 29, 1895, vilabu vya raga vya kaskazini mwa Uingereza vilikutana katika hoteli moja mjini Huddersfield vikajitenga na chama chao, kwa sababu chama kilikataa wachezaji, wengi wao vibarua wa migodini na viwandani, wafidiwe ujira wa siku za mechi. Katika utengano huo ndimo ilimozaliwa raga ya wachezaji 13, ambayo leo mchezaji wake wa safu ya mbele, yule anayelipwa kwa kugongana, huishi kwa mkataba wa klabu na kupokea mshahara mechi iwepo isiwepo. Mkimbiaji wa marathoni hajawahi kuwa na kitu kama hicho. Mwili wake unaweza kushindana kwa nguvu zote mara mbili au tatu kwa mwaka. Siku nyingine zote ni za mazoezi, na mazoezi hayana mshahara.

Tanzania ililijibu swali hilo kwa gwanda. Jeshi la Wananchi, Polisi, Magereza na Jeshi la Kujenga Taifa viliwachukua wanamichezo, vikawapa cheo, mshahara, pa kulala na ruhusa ya kukimbia. Wakati Ikangaa anaanza, nchi ilikuwa imetoka vitani Uganda, fedha za kigeni zilikuwa adimu na maduka yalikuwa matupu. Kijana aliyetaka kukimbia kilomita 30 asubuhi kisha ale akashiba hakuwa na mwajiri mwingine wa kumvumilia. Historia ya riadha ya Tanzania huandikwa kana kwamba vipaji vilijitokeza vyenyewe. Sehemu yake kubwa ni historia ya kambi za majeshi.

Fedha za mbio zenyewe ndiyo kwanza zilikuwa zinaruhusiwa. Bayi alipoweka rekodi ya dunia ya mita 1,500 kule Christchurch Februari 1974, kanuni zilikuwa bado za ridhaa, na malipo ya wazi yangemfungia milango ya Olimpiki. Mwaka 1982 Shirikisho la Kimataifa la Riadha lilikubali mwanariadha alipwe, mradi fedha ziwekwe katika mfuko wa amana chini ya chama chake cha taifa hadi atakapostaafu, akitoa tu za kugharamia mazoezi. New York ilianza kutangaza zawadi za fedha hadharani mwaka 1984, Boston ikafuata 1986. Ikangaa basi ni wa kizazi cha mpito: wakubwa wake walikimbia bure, na waliomfuata walikuta kila kitu kimeshapangiwa bei. Alikuwa mtaalamu wa kulipwa huku akiwa bado askari wa serikali, na hali zote mbili zilikwenda pamoja bila kugombana.

Dunia ilimfahamu Oktoba 1982, Brisbane, Australia, katika Michezo ya Jumuiya ya Madola. Yeye na Shahanga, bingwa wa marathoni wa michezo iliyotangulia, ambaye siku chache kabla alikuwa ameshinda mita 10,000, walichomoka mapema na kuliacha kundi karibu dakika nzima. Wengi hufanya hivyo kwa ujinga na kurudishwa kabla ya kilomita ya 30. Hawa hawakurudi kirahisi. Robert de Castella, mwenyeji na mmoja wa wakimbiaji bora wa dunia wakati ule, ilimlazimu awatafute mmoja mmoja. Alimpita Shahanga, akamfikia Ikangaa zikiwa zimebaki kilomita chache, na hapo wakaanza kupokezana uongozi, huyu akipita, yule akirudi, mbele ya watu waliojaa pembeni mwa barabara. De Castella alimaliza kwa saa 2:09:18, Ikangaa kwa 2:09:30. Waaustralia bado wanaihesabu mbio ile kati ya bora walizowahi kuziona, na ubora wake ulitokana na Mtanzania aliyekataa kuachwa.

Mwaka uliofuata alishinda Melbourne, kisha Desemba akasafiri kwenda Fukuoka, Japani. Fukuoka ya miaka ile haikuwa mbio za kila mwenye viatu. Walialikwa wachache, nchi nzima ikitazama kwenye runinga. Ikangaa aliongoza hadi ndani ya uwanja. Toshihiko Seko, aliyekuwa amemganda mgongoni muda wote, alimpita kwenye mzunguko wa mwisho na kumwacha kwa sekunde tatu: 2:08:52 kwa 2:08:55. Kushindwa huko ndiko kunakoieleza kazi yake yote iliyofuata kuliko ushindi wowote.

Marathoni ina kilomita 42.195, na wanga ambao mwili unaweza kuuhifadhi humwishia mkimbiaji wa kasi kubwa karibu na kilomita ya 30 au zaidi kidogo. Baada ya hapo anayebaki na nguvu ni yule aliyezitumia kwa ubahili. Anayekimbia nyuma ya mwenzake hukingwa upepo, na hata akili yake hupumzika, kwa kuwa kasi anapangiwa. Anayetangulia ndiye anayelowa umande. Kwa hesabu hiyo, kuongoza kwa kilomita 35 ni hasara tupu, na makocha wengi hufundisha hivyo mpaka leo. Lakini hesabu hiyo inamfaa mwenye mbio za mwisho. Seko alikuwa nazo. Ikangaa, mfupi, mwenye hatua za haraka zisizobadilika, hakuwa nazo za kutosha. Akifika mita 200 za mwisho na mtu kama Seko, ameshashindwa. Njia pekee ilikuwa kuhakikisha hakuna anayefika naye. Ilibidi awavunje wengine mapema, kwenye kilomita ya 15, ya 25, ya 30, kwa kasi ambayo yeye angeweza kuishi nayo na wao wasiweze. Watazamaji waliona ushujaa, na baadhi ya wachambuzi waliona ukaidi. Ilikuwa ni hesabu ya mtu anayeujua mwili wake.

Hesabu hiyo ilimlipa Japani. Alishinda Tokyo Februari 1984 kwa saa 2:10:49, akarudi 1986 akashinda tena kwa 2:08:10, na Desemba mwaka huohuo akaichukua Fukuoka iliyomponyoka, kwa 2:10:06. Mwaka 1987 akashinda Beijing. Japani ilimpenda kwa sababu ambayo nyumbani haikueleweka vizuri. Watu wa kule huipenda marathoni kwa saa zote mbili, na mtu anayeongoza saa zote mbili huwapa kitu cha kutazama.

Kwenye Olimpiki mambo hayakuwa hivyo. Los Angeles 1984, katika joto la Agosti, alikuwa wa sita. Dhahabu ilikwenda kwa Carlos Lopes wa Ureno. Michezo ya Jumuiya ya Madola ya 1986 kule Edinburgh, ambako angeweza kuigeuza fedha yake kuwa dhahabu, Tanzania haikwenda. Ilikuwa miongoni mwa nchi 32 zilizosusia kwa sababu serikali ya Uingereza ilikataa kuiwekea vikwazo Afrika Kusini ya makaburu. Uamuzi ulikuwa wa haki na wanariadha ndio walioulipia, jambo ambalo husahaulika pale historia ya ukombozi inaposimuliwa. Seoul 1988 alimaliza wa saba, nyuma ya Gelindo Bordin wa Italia, Douglas Wakiihuri wa Kenya na Ahmed Salah wa Djibouti waliogawana medali. Mbio za ubingwa hazina zawadi ya muda na hazina wakimbiaji wa kuvuta kasi. Kila mtu husubiri, na anayependa kwenda mbele huwa amewapa wenzake kivuli cha bure.

Ndipo kwenye Boston. Njia yake huanza kijijini Hopkinton na kuteremka kuelekea mjini, halafu baada ya nusu, mapaja yakiwa yameshachoshwa na mteremko, vinakuja vilima vya Newton. Aprili 1988 Ikangaa na Mkenya Ibrahim Hussein walivimaliza vilima hivyo pamoja. Hadi mtaa wa mwisho walikuwa bado pamoja. Hussein, mwenye mbio za mwisho miguuni, alimpita katika hatua za mwisho kabisa na kushinda kwa saa 2:08:43, Ikangaa 2:08:44. Sekunde moja baada ya kilomita 42. Siku hiyo kwa mara ya kwanza Mwafrika alishinda Boston, na tangu hapo mashindano yale yamekuwa kama mali ya Afrika Mashariki. Mlango ulifunguliwa na Waafrika wawili, ila picha iliyobaki ni ya mmoja.

Mwaka 1989 alirudi, akaongoza, akapitwa na Abebe Mekonnen wa Ethiopia aliyemaliza kwa 2:09:06. Ikangaa alikuwa wa pili kwa 2:09:56. Mwaka 1990 akarudi tena na kuianza mbio kwa kasi ya kutisha kwenye mteremko. Bordin, bingwa wa Olimpiki, alimngoja vilimani na kumpita, 2:08:19 kwa 2:09:52. Hapa ndipo lawama inapopata mahali pa kushika. Mara ya kwanza alinyimwa na sekunde, lakini mara ya pili na ya tatu alinyimwa na mpango wake mwenyewe, mpango usiofaa kwa njia inayokualika ukimbie mno mwanzoni. Inawezekana kumheshimu mtu na bado kusema kwamba Boston ilihitaji Ikangaa mwingine, mwenye subira zaidi. Kwa upande mwingine, hakuna anayeshika nafasi ya pili miaka mitatu mfululizo katika mashindano yale kwa kubahatisha.

Kati ya Boston hizo mbili za mwisho iko New York. Novemba 1989 njia ilikuwa ileile ya kuvuka mitaa mitano mikubwa ya jiji, kuanzia daraja la Verrazzano hadi bustani ya Central Park, yenye madaraja ya kupanda na kushuka ambayo hayampi mtu rekodi kirahisi. Ikangaa alifanya alichokuwa akikifanya siku zote, na safari hii hakuna aliyeweza kumjibu. Aliingia bustanini peke yake. Mmarekani Ken Martin, wa pili, alifika zaidi ya dakika moja na nusu baadaye, na Bordin yuleyule akawa wa tatu. Saa 2:08:01 ilikuwa chini ya 2:08:13 ya Alberto Salazar ya mwaka 1981, ambayo kwa vyovyote njia yake ilikuja kupimwa na kukutwa pungufu. Rekodi ya Ikangaa ilidumu miaka 12, hadi Tesfaye Jifar wa Ethiopia alipoivunja mwaka 2001. Muda wake bora wa maisha aliupata kwenye madaraja ya New York, wakati wenzake wa kizazi kile walikuwa wakitafuta muda mzuri Rotterdam, kusiko na kilima, ambako Belayneh Dinsamo alikuwa ameweka rekodi ya dunia ya 2:06:50 mwaka mmoja kabla. Anayetaka kumpima Ikangaa kwa haki aanzie hapo.

Barcelona 1992 alimaliza wa 34. Alikuwa na miaka 35, na miguu iliyobeba mazoezi ya muongo mzima haikuwa na cha kuongeza. Baadaye alibaki katika riadha kama mshauri na mhamasishaji, na uhusiano wake na Japani ukazaa tunda ambalo wengi hawakulitarajia: kwa kushirikiana na shirika la maendeleo la Japani, JICA, alisimama nyuma ya Ladies First, mashindano ya riadha ya wanawake peke yao yaliyoanza Dar es Salaam mwaka 2017. Medali mbili za Olimpiki za Tanzania, za Bayi na Suleiman Nyambui kule Moscow 1980, zote ni za wanaume, na aliyesukuma upande wa pili wa jambo hilo ni mwanajeshi mstaafu wa Dodoma.

Baada yake ulikuja ukame mrefu. Christopher Isengwe alipata fedha ya marathoni kwenye Mashindano ya Dunia ya Helsinki 2005, kisha kimya cha miaka 12. Aliyekivunja ametoka tena uwanda wa kati. Alphonce Felix Simbu, mzaliwa wa Singida mwaka 1992, alikuwa wa tano Olimpiki ya Rio 2016, akachukua shaba London 2017, na mwaka 2022 akapata fedha ya Jumuiya ya Madola kule Birmingham, miaka 40 baada ya fedha ya Ikangaa kule Brisbane. Aprili 2025 alikuwa wa pili Boston, na waliozoea hadithi hiyo walitikisa vichwa. Miezi mitano baadaye, Septemba 15, 2025, jijini Tokyo, alimfuata Mjerumani Amanal Petros hadi mita za mwisho na kumpiku kwenye utepe. Wote wawili waliandikiwa saa 2:09:48. Picha ya mwisho ilionyesha tofauti ya sehemu tatu za mia za sekunde. Ilikuwa dhahabu ya kwanza ya Tanzania katika historia ya Mashindano ya Dunia ya Riadha.

Simbu alishinda kwa namna ambayo Ikangaa alishindwa nayo Fukuoka na Boston, yaani kwa kukaa nyuma, kuhifadhi na kupasuka mwishoni. Kwa ufundi ni watu wawili tofauti. Kwa ajira ni mtu mmoja: Simbu naye ni askari wa Jeshi la Wananchi, naye kasi yake aliipikia Arusha, si Singida. Gabriel Geay, aliyekuwa wa pili Boston mwaka 2023, naye ni wa kaskazini. Katika miaka 43 kutoka Brisbane hadi Tokyo, viatu vimebadilika, zawadi zimeongezeka mara nyingi, mawakala wamekuja na mikataba yao, lakini kijana wa uwanda wa kati anayetaka kuishi kwa miguu yake bado ana njia mbili za uhakika, kupata nafasi jeshini au kuhamia kaskazini. Asiyepata yoyote huishia kukimbia marathoni za mabenki na za hisani, ambazo siku hizi ni nyingi, NBC Dodoma Marathon ikiwa mojawapo kubwa, na kurudi shambani Jumatatu na bahasha ya nafasi ya tano.

Majeshi yamefanya zaidi ya sehemu yao, na hayawezi kumwajiri kila mwenye kipaji. Wizara yenye dhamana ya michezo sasa iko Dodoma, Bunge liko Dodoma, na Mfuko wa Maendeleo ya Michezo unapata fungu lake kutokana na kodi ya michezo ya kubahatisha. Wabunge wa Dodoma na Singida waombe katika bajeti ijayo posho ya kila mwezi kwa wakimbiaji wa mbio ndefu walio nje ya majeshi, itajwe kwa kiasi na kwa muda, na kambi yao moja iwekwe katika uwanda wa kati.